Rehani au Mauzo? Nyumba Zinazokwenda Mnadani na Kinga ya Mahakama kwa Mdaiwa

 

Zamani maswali ya madeni yaliyokuwa yakitufikia yalikuwa mepesi. Mtu alikopa unga dukani, mwenye duka akafariki, sasa alipwe nani? Siku hizi yamebadilika. Mlango wa nyumba umebandikwa karatasi ya dalali wa mahakama. Mama kaambiwa ahame na watoto, na yeye ndiyo kwanza anajua kuwa hati ya nyumba haimo tena sandukuni. Anayeuliza anataka kujua kama inajuzu kwenda mahakamani kuomba mnada usimamishwe, na hali deni analijua kuwa ni lake.

Na yupo anayeuliza kwa upande wa pili. Alimkopesha ndugu yake kwa nia njema, nyumba ikawekwa rehani, na sasa kila akidai haki yake analetewa amri ya zuio. Je, na hii si dhulma?

Tutayajibu maswali haya mawili pamoja, kwa sababu mizani yake ni moja. Na kabla hatujaenda mbali tuseme jambo ambalo wengi hawalitazami mpaka maji yameshawafika shingoni: kinga atakayopata mdaiwa mahakamani inategemea sana karatasi aliyoitia saini siku ile aliyokopa. Ilikuwa karatasi ya rehani, au ilikuwa karatasi ya mauzo?

Nani anastahiki muda

Msingi wa mlango huu ni Aya ya 280 ya Suratul Baqara. Maana yake tunaijua: mdaiwa akiwa katika dhiki apewe muda mpaka apate wasaa, na mdai akisamehe basi ni kheri yake zaidi. Wengi wetu tunaisoma kama nasaha ya kuhurumiana tu. Wanavyuoni hawakuisoma hivyo. Kumpa muda aliye na dhiki ni wajibu. Kumsamehe ndiko kulikokuwa sunna. Kwa hiyo mdai anayembana mtu ambaye kweli hana anamdhulumu, hata kama deni ni halali na karatasi zake zote zimekamilika.

Upande wa pili iko Hadithi iliyopokewa na Bukhari na Muslim kwamba aliye nacho akikawiza kulipa, kukawiza kwake ni dhulma. Basi kuchelewa kulipa kuna hukumu mbili, na kinachozitenga ni hali ya mtu mwenyewe: anacho au hana.

Mtume (S.A.W.) mwenyewe aliamua mashauri ya aina hii, na hakuyaamua yote kwa njia moja. Kaab bin Malik alimdai Ibn Abi Hadrad ndani ya msikiti, sauti zikapanda mpaka Mtume akazisikia kutoka nyumbani kwake. Akatoka, akamuashiria Kaab apunguze nusu. Kaab akakubali. Hapo hapo Mtume akamgeukia mdaiwa akamwambia asimame akalipe. Tuzingatie vyote viwili: mdai kapunguza, na mdaiwa hakupewa nafasi ya kuanza hadithi nyengine. Katika tukio jengine, alilolisimulia Abu Said Al-Khudri na likapokewa na Muslim, mtu alinunua matunda yakapatwa na maafa, deni likamlemea. Mtume akawaamrisha watu wamtolee sadaka. Ilipokuwa haikutosha, akawaambia wanaomdai wachukue walichokikuta, na kwamba hawana zaidi ya hicho. Na imepokewa pia na Ad-Daraqutni na Al-Hakim kuwa Muadh bin Jabal, pamoja na ubora wake wote, alizuiwa asitumie mali yake na ikauzwa kulipa madeni, ijapokuwa wapo wanavyuoni waliosema kuwa sanadi yake imekatika.

Sulhu, msaada wa jamii, mnada. Zote zimo katika dini yetu. Anayedhani Uislamu haumruhusu hakimu kuuza mali ya mdaiwa amekosea, na anayedhani kazi ya hakimu ni kuuza tu naye amekosea.

Linabaki la kuthibitisha. Katika madhehebu yetu ya Shafi, mtu ambaye deni lake limetokana na kuchukua mali ya watu, kama mkopo au bidhaa, hasadikiwi kwa maneno matupu anaposema hana. Anatakiwa alete mashahidi wanaoijua hali yake ya ndani, maana huyu alipokea kitu na inadhaniwa bado anacho. Dhiki ikishathibiti, hafungwi wala hafuatwafuatwi.

Mahakama inatoa nini

Deni la benki au la mkopeshaji, hapa visiwani, si la kwa Kadhi. Sheria ya Mahakama ya Kadhi ya Zanzibar ya 2017 imemwekea Kadhi mambo ya ndoa, talaka, matunzo, mirathi, wakfu na yanayofanana na hayo. Mashauri ya madai huenda mahakama za kawaida, ambazo kanuni zake, Unguja na Pemba kama ilivyo Bara, asili yake ni zile zilizotoka India zama za Muingereza. Wala hakuna ubaya wa kisheria ya dini kuzitumia mahakama hizo kuondoa dhulma au kuomba muda ambao Allah ameshakupa.

Kinga inayoombwa sana ni zuio la muda, yaani amri ya kwamba mnada usifanyike mpaka shauri lisikilizwe. Mahakama za Afrika Mashariki hupima mambo matatu, na kesi inayotajwa siku zote ni ya Atilio dhidi ya Mbowe ya 1969, iliyoamuliwa na Mahakama Kuu ya Tanzania. Kwanza, liwepo jambo la kweli la kubishaniwa. Pili, muombaji apatwe na hasara isiyoweza kufidiwa kwa fedha kama zuio halikutolewa. Tatu, itazamwe nani ataumia zaidi, anayezuiwa au anayenyimwa zuio.

Jambo la kwanza ndilo linalowaangusha wengi. Mtu anafika mbele ya jaji anasema kuwa ana watoto, nyumba ni ya pekee, biashara imekufa. Yote ni kweli na yote yanatia huruma, lakini hakuna hata moja ambalo ni mgogoro. Mgogoro ni kusema: hesabu ya deni si sahihi, malipo yangu ya miezi fulani hayakuingizwa na risiti hizi hapa, sikupewa ilani, mke wangu hakuridhia, nyumba si yangu peke yangu. Hapa utaona mahakama na fiqhi zinavyotofautiana. Kwa fiqhi dhiki yenyewe ni hoja. Kwa mahakama, wakati wa kuomba zuio, dhiki ni kiungo tu. Mtu asiende akitegemea huruma.

Familia nyingi za huku zina nyumba Dar es Salaam, Kariakoo, Ilala au Magomeni, na rehani zilizotuletea maswali mengi ni za huko. Huko inatumika Sheria ya Ardhi ya 1999, ambayo haitumiki Zanzibar. Kwa sheria hiyo mkopeshaji hawezi kuuza mpaka atoe ilani na zipite siku 60 tangu mdaiwa aipokee. Nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ya ridhaa ya mume au mke. Tangazo la mnada wa nyumba au ardhi litolewe hadharani siku zisizopungua 14. Bei nayo ina mpaka: nyumba ikiuzwa kwa pungufu ya asilimia 25 au zaidi chini ya bei ya wastani ya soko kwa nyumba za aina hiyo, mkopeshaji huhesabiwa kuwa hakutimiza wajibu wake mpaka athibitishe vyengine. Na zuio lenyewe, kwa kanuni za Bara, hutolewa kwa muda usiozidi miezi 6, na hata likiongezwa halipiti mwaka 1.

Ila nyumba ikishauzwa kwa mnunuzi aliyenunua kwa nia safi, mdaiwa aliyedhulumiwa kwa kawaida hubaki na madai ya fidia dhidi ya aliyeuza, si madai ya nyumba. Kwa hiyo anayengoja mpaka asikie nyundo ya dalali amechelewa. Tumeona watu wazima, wenye akili zao, wakikaa kimya siku zote 60 wakitaraji kuwa benki "itasahau".

Rehani ya fiqhi inakwenda karibu sana na haya. Imepokewa kutoka kwa Mtume (S.A.W.) kwamba kitu kilichowekwa rehani hakimpotei mwenyewe kwa kupita muda tu. Katika zama za ujahilia mtu akishindwa kulipa siku ya ahadi, mdai alikichukua kitu kizima kiwe chake, kiwe na thamani mara ngapi ya deni. Uislamu ukalivunja hilo. Rehani huuzwa, mdai huchukua haki yake, na kinachozidi hurudi kwa mwenyewe. Deni la milioni 8 halili nyumba ya milioni 60.

Kuna sehemu moja ambapo sheria ya Bara ni laini kuliko madhehebu yetu, na hatuoni haya kulisema. Kanuni za mashauri ya madai za Bara zinaikinga isikamatwe, katika kukazia hukumu, nyumba ambayo mdaiwa anaishi na mkewe na watoto wanaomtegemea. Kauli iliyo sahihi zaidi kwa Mashafi, kama alivyoiandika Imamu Nawawi katika Minhaj, ni kuwa nyumba ya aliyefilisika inauzwa. Anachoachiwa ni nguo zinazomfaa na chakula cha siku ile yeye na walio chini yake. Imamu Ahmad ameona kuwa nyumba anayoihitaji kwa kukaa haiuzwi. Sisi tunaona kuwa Muislamu anayeitumia kinga hiyo ya kanuni, na kweli hana pengine pa kulaza watoto, ana kauli ya wanavyuoni nyuma yake. Lakini ajue kuwa kinga hiyo haimsaidii kwa nyumba aliyoiweka rehani kwa mkono wake. Hiyo ameitoa mwenyewe.

Bei khiyari imerudi

Wazee wa visiwa hivi hawahitaji kufafanuliwa neno hili, vijana pengine. Bei khiyari ilikuwa hivi: mwenye shamba anahitaji fedha, tajiri hatoi mkopo wa riba waziwazi. Basi shamba "linauzwa" kwa rupia kadhaa, kwa sharti kuwa muuzaji ana khiyari ya kulirudisha akirejesha fedha zile ndani ya muda, tuseme mwaka mmoja. Katika mwaka huo muuzaji anabaki shambani mwake, anachuma karafuu zake, ila anamlipa "mnunuzi" kodi. Kodi ile ndiyo riba, imevishwa kanzu. Mwaka ukipita bila ya kurejesha, shamba limekwenda, hata kama thamani yake ilikuwa mara tatu ya fedha alizopewa.

Wanavyuoni walitofautiana juu yake. Hadhramaut, ambako masheikh wetu wengi walichota elimu, walikuwapo Mashafi walioiruhusu namna yake kwa jina la bei al-uhda kwa ajili ya haja za watu. Wanavyuoni wa Kiibadhi wa Oman nao waliijadili kwa urefu. Baraza la Kimataifa la Fiqhi la Jeddah, katika kikao chake cha saba cha 1992, liliamua kuwa mauzo ya namna hii hayajuzu, kwa kuwa hakika yake ni mkopo unaoleta manufaa. Mahakama za Muingereza Zanzibar zilifika karibu na hapo kwa njia yao: zilizoea kuitazama bei khiyari kama rehani, wala si mauzo. Pamoja na hayo mashamba yaliendelea kutoka mikononi.

Bei ya karafuu ilipoanguka, mwanzoni mwa miaka ya 1930, madeni hayakubebeka tena. Serikali ya Muingereza ikaja mwaka 1934 na mkururo wa sheria: madeni ya wenye mashamba yakasimamishwa kwa muda, na ardhi ya Muarabu au Muafrika ikawa haihamishwi kwa mtu asiye katika hao bila ya idhini ya Balozi wa Kiingereza. Wakopeshaji walikuwa wengi wao Wahindi, na tusisahau kuwa miongoni mwao walikuwamo Waislamu, Makhoja na Mabohora, na kuwa wao wenyewe walidaiwa na matajiri wakubwa zaidi. Jambo likageuka la siasa. Mwaka 1937, serikali ilipoipa jumuiya ya wakulima wa karafuu mamlaka juu ya biashara yote, wafanyabiashara wa Kihindi waligoma, na chama cha Congress huko India kikaunga mkono kususia karafuu za Zanzibar. Mapatano yalipatikana 1938, na mwaka huo huo ikaja sheria ya kusuluhisha madeni ya mashamba.

Tunaitaja historia hii kwa sababu moja. Kusimamisha kuuza kulisaidia watu wasinyang'anywe mashamba mwaka ule, lakini deni halikufa. Lilikaa likingoja, na ikabidi miaka minne baadaye itungwe sheria nyengine ya kukaa kitako, kuhesabu na kupatana. Muda peke yake haulipi.

Na sasa tutazame yanayofanyika leo. Mtu anataka milioni 5 haraka, ada ya skuli, matibabu ya India, mtaji wa duka. Mkopeshaji wa mtaani hamuandikii mkataba wa mkopo. Anamuandikia mkataba wa mauziano ya nyumba au kiwanja au gari, mashahidi wapo, pengine na muhuri wa wakili. Kwa mdomo anaambiwa: "Ukileta changu, karatasi hii tunaichana." Hakuna riba iliyoandikwa popote. Siku ya ahadi ikipita, mkopeshaji haji na ilani ya siku 60 wala haji na dalali. Anakuja na fundi wa kubadilisha makufuli.

Hii ni bei khiyari ile ile, tena iliyopungua heshima, kwa sababu ile ya zamani angalau khiyari ya kurejesha iliandikwa. Na hapa ndipo mdaiwa anapoporomoka mahakamani. Kinga zote tulizozitaja, ilani, bei ya soko, kurudishiwa kilichozidi, ni kinga za mtu aliyeweka rehani. Aliyeuza hana hata moja. Ili azipate inambidi kwanza amthibitishie jaji kuwa mauzo yale hayakuwa mauzo, na mwenzake ameshika karatasi yenye saini yake.

Linawezekana, na anayelijaribu asijione anadanganya, maana anasema kweli. Ushahidi wake ni wa mambo madogo: bei iliyoandikwa ni ndogo mno kulinganisha na thamani, "muuzaji" aliendelea kukaa na kulipa umeme, "mnunuzi" hakuenda kubadilisha jina, yapo malipo ya kila mwezi kwenye simu, zipo ujumbe za kudai "faida". Asifute chochote kwenye simu yake. Na sheha au wakili anayetia mkono wake katika karatasi ambayo anajua fika kuwa si mauzo, atafakari Hadithi aliyoipokea Muslim kuhusu riba, ambayo laana yake haikuishia kwa mla riba na mtoaji, imemfika mwandishi na mashahidi wawili. Neno hili ni zito na tunalisema kwa makusudi.

Nyumba ya mirathi na mama wa nyumba

Huku kwetu nyumba nyingi si za mtu mmoja. Marhumu kaacha watoto saba, hawakugawana, hati imebaki kwa kaka mkubwa. Kaka kaiweka rehani. Dada wa Wete au wa Muscat wanapata habari siku ya mnada.

Kaka hana uwezo wa kuweka rehani ila fungu lake. Waliobaki si wadaiwa, ni wenye mali, na kinga yao ni nyengine kabisa: wanafungua pingamizi mahakamani kuwa kilichokamatwa kina haki yao ndani yake. Kwa jambo hili Mahakama ya Kadhi ina kazi yake kubwa, kwa kuwa hukumu ya mirathi inayoonesha warithi na mafungu yao ndiyo silaha yao ya kwanza. Ambao hawajagawana mpaka leo, wakisubiri heshima ya kaka, hiyo si heshima. Mali ya wakfu ndiyo haigusiki kabisa. Iliyowekwa rehani ripoti yake iende Kamisheni ya Wakfu na Mali ya Amana bila ya kuchelewa.

Mke aliyeletewa karatasi ya ridhaa aisome kabla hajatia saini, na ana haki ya kukataa. Kukataa kuiweka nyumba ya watoto rehani si kumuasi mume. Na asisahau kuwa mahari yake yaliyobaki ni deni juu ya mume kama madeni mengine. Mume akifilisika, mke naye ni mmoja wa wanaodai, anagawana nao kwa kadiri ya haki yake, isipokuwa kwa kile kilichowekwa rehani, ambacho aliyekishika hutangulizwa.

Muda una bei

Tunarudi kwa zuio. Aliyelipata hutoka mahakamani akichinja kuku. Tumfanyie hesabu. Deni la benki la milioni 20 kwa riba ya asilimia 18 kwa mwaka, likisimama miezi 6, limeongezeka 1,800,000, ukiacha gharama za wakili. Deni la mtaani la milioni 5 kwa asilimia 20 kwa mwezi, kwa miezi hiyo hiyo, limeongezeka milioni 6, yaani kilichozidi kimeshapita kilichokopwa. Mdaiwa wa murabaha ya kweli yuko salama zaidi hapa, kwa sababu bei ilishafungwa tangu mwanzo na kuchelewa hakuizidishi. Tozo ya ukawizaji, kama ipo, haki yake ni kwenda kwenye kheri na si kwenye faida ya benki.

Hivyo anayepata zuio aitumie siku ya pili yake kuandika barua ya sulhu: aombe riba isimame, aombe kuuza mwenyewe kwa bei ya soko, aombe kulipa rasilimali kwa mafungu. Kuuza kwa hiari, ukiwa bado una nguvu ya kuchagua mnunuzi, mara nyingi kunaokoa zaidi kuliko mnada. Akiwa na sehemu ya fedha ailipe sasa, maana mahakama humtazama kwa jicho zuri aliyeonesha kuwa hakimbii.

Wako wanaosema: "Nimekopa kwa riba, na riba ni haramu, basi silipi." Hapana. Aya ya 279 ya Suratul Baqara imembakishia mdai rasilimali yake. Unachotubia ni riba, kilichokuwa cha mtu ni cha mtu. Wala mahakama haitakusikiliza kwa hoja hiyo.

Mikopo inayoitwa kausha damu ina mlango wake peke yake. Novemba 2024 Benki Kuu ya Tanzania ilitangaza orodha ya programu 69 za mikopo ya mtandaoni zilizokuwa zikifanya kazi bila ya kibali. Huko na kwa wakopeshaji wa vikundi watu huchukuliwa friji, cherehani, televisheni, pikipiki, bila ya hukumu yoyote. Kitu ambacho hakikuwekwa rehani hakichukuliwi nyumbani kwa mtu ila kwa amri ya mahakama. Atakayekuja bila ya amri, aitwe sheha na iarifiwe polisi. Aibu isimfanye mtu akubali kuporwa. Kwa wasio na uwezo wa wakili, Kituo cha Huduma za Sheria Zanzibar kimekuwa kikisaidia watu tangu miaka ya 1990.

Kwa yule ndugu yetu anayedai

Uliyemkopesha kwa nia njema, na sasa unaletewa zuio juu ya zuio, jawabu lako ni hili. Kama mwenzako anacho na anatumia mahakama kukuchosha, yeye ni dhalimu kwa matni ya Hadithi, na kumuomba jaji alitengue zuio hakukuondolei ihsani yako. Mtake aape juu ya mali zake. Kama kweli hana, basi ulishampa muda kwa amri ya Allah kabla jaji hajampa, na kumfungisha jela ya madai ni haramu kwako.

Wengi katika hali yako wanatuuliza: je, naweza kumfutia deni na nikalihesabu kuwa ni zaka yangu? Anayeshindwa kulipa ni katika Algharimin waliotajwa katika Aya ya 60 ya Suratut Tawba, na hata aliyeingia katika deni la maasi hupewa akishatubia, kwa kauli iliyo sahihi zaidi. Lakini kufuta tu na kunuia zaka hakutoshi katika kauli iliyo sahihi zaidi kwetu sisi Mashafi, kwa kuwa zaka ni kutoa na kupokea. Mpe zaka mkononi, iwe mali yake, bila ya kumshurutisha. Akitaka kukulipa kutokana nayo kwa hiari yake, pokea, deni limelipwa na zaka yako imesihi. Ukimpa kwa sharti kuwa akurudishie, zaka haikusihi na deni bado liko pale pale.

Wallahu aalam.